Karatasi Moja kwa Siku

Kituo, 12 Agosti

Mdogo wangu Mkasi,

Barua yako imefika na doa la mafuta ya nywele kwenye kila ukurasa, kwa hiyo najua kazi ipo na kinyozi wetu hajafa njaa. Nimefurahi.

Unasema wateja wako bado wanauliza dada yako anafanya kazi gani, na wewe umechoka kuwaambia "anapima pima huko". Waambie hivi. Juu ya mlima kuna jengo la mawe, na ndani yake kuna chombo kikubwa tunachokiita Jicho. Jicho halitazami nyota, linatazama siku. Siku zilizopita, na pande nyingine za ulimwengu ambazo ziko jirani nasi, kama chumba cha pili kilivyo jirani na cha kwanza, ila mlango wake si wa kitasa. Ili Jicho lisipotee njia, linahitaji mahali pamoja pa huku kwetu pasipobadilika kamwe, na Kituo kilichagua sebule ya marehemu baba. Wakishaelewa hapo, waambie wakae sawa wasije wakakatwa sikio.

Kuhusu hiyo sebule. Najua umezisikia sheria hizi mpaka zimekuota masikioni, lakini nazirudia. Hakuna wa kuingia ila wewe, saa nne kamili asubuhi, kuchana karatasi ya kalenda. Karatasi moja kwa siku. Usichane mbili kwa pamoja, hata iweje. Usisogeze kiti, usitundike kitu, usiandike kitu ukutani. Miezi hii miwili nakuomba uwe mkali zaidi. Usiniulize kwa nini.

Na kabla ya tarehe 9 Oktoba sitaweza kuja nyumbani, hata mkiniambia nyumba inaungua. Nasema kweli. Chochote kitakachotokea huko, malizaneni nacho, mimi nitakuja baada ya hapo na kukaa mwezi mzima.

Shemeji yako anawasalimu. Ana vioo vingi vya kusugua, hapati nafasi ya kuandika. Miguu ya mama imepungua kuvimba?

Dada yako

*

Nyumbani, 23 Agosti

Dada mpendwa,

Nimewaambia wateja. Mmoja kaniuliza kama hilo Jicho linaweza kumwonyesha siku alipopoteza nywele za utosini. Nimemwambia hiyo siku hata mimi naikumbuka, hakuna haja ya chombo.

Sebule iko kama ulivyoiacha. Saa nne nafunga duka, navua viatu, naingia, nachana, natoka kinyumenyume kama mtu aliyekutana na chui. Mama hukaa ukumbini kwenye kigoda chake, mlango ukiwa wazi, ananitazama na kucheka. Chumba anakiita "cha mgeni asiyekuja". Juzi kaniambia, "Mwanangu, jua la asubuhi lote linaingia mle ndani, na miguu yangu inaganda huku. Nikikaa mle nusu saa, ulimwengu utapinduka?" Nikamwambia ndiyo, utapinduka, dada kasema. Kanuna mpaka saa ya chakula.

Miguu bado imevimba. Daktari kasema ni moyo, unasukuma kivivu. Kampa vidonge vya aina tatu, naye anavipanga mezani kwa rangi kama mtoto. Usiwe na wasiwasi. Kuhusu kuja, nimemwambia kuwa haiwezekani mpaka Oktoba. Kajibu, "Mwacheni afanye kazi yake. Msimwite kwa ajili yangu. Akija aje kwa furaha." Ndivyo alivyosema, nami nimekuandikia neno kwa neno.

Msalimie shemeji. Mwambie kichwa chake nakidai, tangu mwaka jana hajakileta, na huyo anayemnyoa huko mlimani ni mhuni.

Mdogo wako, Mkasi

*

Kituo, 3 Septemba

Mkasi,

Naandika kwa haraka, gari la barua linawasha injini.

Mama asikae mle ndani. Mbembeleze. Mwambie avumilie mpaka Oktoba, baada ya hapo hata akitaka kuhamishia kitanda sebuleni nitakibeba mimi mwenyewe. Mwambie nimeapa.

Shemeji yako hajambo. Ameniambia nikuambie kichwa utakipata.

Huku ni baridi na Jicho limefungwa. Kukiwa na kazi kubwa, umeme wote unaelekezwa kwingine, halafu Jicho linakaa kipofu wiki kadhaa. Sina la kufanya ila kusafisha sahani zake na kuhesabu siku. Nisalimie mama sana. Jana nilimuota, sikumbuki alikuwa anasema nini.

Dada

*

Nyumbani, 17 Septemba

Dada,

Samahani kwa kuchelewa. Barua yako nimeikuta.

Mama haumwi miguu tena. Amekupa salamu. Sebuleni hakukaa.

Kazi inaendelea. Nachana kila siku saa nne.

Sina habari nyingi. Mvua imenyesha, bati la uani limetoboka, nitaliziba.

Mkasi

*

Kituo, 22 Septemba

Mdogo wangu,

Barua yako ya mwisho ya Agosti naisoma mpaka leo, lakini jibu la barua yangu ya tarehe 3 halijafika, kwa hiyo kama umeshanijibu nisamehe.

Nina swali moja na nataka jibu kwa gari la kwanza. Tumelifungua Jicho jana. Leo saa nne nimetazama sebule nikakuona ukiingia, ukachana, na karatasi iliyobaki ukutani inasema 5 Septemba. Leo ni 22. Ni siku kumi na saba nyuma.

Kuna mambo mawili tu. Ama Jicho limeteleza na linanionyesha siku iliyopita, jambo ambalo limewahi kutokea, mara mbili tangu nianze kazi. Ama karatasi yenyewe iko nyuma. Mimi nimeshawaambia kuwa ni Jicho. Mkuu wa Kituo, ambaye vijana wa hapa wanamwita Mzee Sekunde, anataka hakika. Anasema, "Mpimaji, chombo kilikosea mara mbili, binadamu hukosea mara ngapi?" Nimemwambia hamjui ndugu yangu.

Niandikie tu: karatasi iko sawa au haiko sawa. Ni jambo kubwa kuliko ninavyoweza kukueleza.

Dada

*

Nyumbani, 30 Septemba

Dada,

Karatasi iko sawa. Kila siku saa nne, moja moja, sijakosa hata siku moja. Mwambie huyo Mzee Sekunde achunguze chombo chake.

Mama anakusalimu.

Mkasi

*

Kituo, 11 Oktoba

Mdogo wangu,

Kaa chini kabla ya kusoma. Usisome mbele ya mama.

Shemeji yako hayupo Kituoni. Hayupo tangu tarehe 14 Agosti. Siku hiyo aliingia upande wa pili kupitia mlango wa Kituo, kwa miguu yake, na begi la vioo mgongoni, kwa sababu vioo vya huko ni yeye aliyevisugua na ni yeye pekee anayejua kuvipanga. Salamu zote nilizokuletea tangu hapo nilizitunga mimi. Sikukuambia kwa sababu sheria inakataza, na pia kwa sababu niliogopa mama atasikia na moyo wake utasimama. Unajua anavyompenda mkwewe kuliko sisi.

Sasa nikueleze. Kule ndani hakuna saa inayofanya kazi. Hakuna jua. Mtu akishaingia, kitu pekee anachokiona cha huku kwetu ni sebule ya baba, kupitia kioo kidogo. Haisikii, anaiona tu. Kalenda ile ndiyo saa yake. Tulikubaliana kwamba akiona karatasi ya 9 Oktoba aje mlangoni, na sisi tarehe hiyo tutafungua. Mlango ukifunguliwa hukaa wazi dakika arobaini, basi. Zile sheria zote zilizokuchosha zilikuwa kwa ajili ya mtu kama yeye. Kuna mwaka, kabla sebule yetu haijachaguliwa, familia nyingine iliandika ukutani "rudi upesi", mtu wao akakimbilia mlangoni siku isiyo yake.

Mzee Sekunde alitaka tusubiri mpaka tarehe 26. Alisema kama karatasi iko nyuma siku kumi na saba, huyu bwana atakuja siku kumi na saba baadaye, na kama Jicho ndilo limeteleza, bado ana chakula cha kutosha kungoja. Tulibishana asubuhi nzima. Kisha tarehe 8 barua yako ikafika. Nikaiweka mezani mbele yake. Nikamwambia, "Huyu ni mtu niliyembeba mgongoni. Hasemi uongo."

Tukafungua juzi tarehe 9. Nilisimama kizingitini na shuka mkononi, kwa sababu wakitoka huwa wanatetemeka. Dakika arobaini. Hakuja mtu.

Sindano za vipimo vya mlangoni zinaonyesha yuko hai. Kwa nini hakuja? Labda ameumia, labda mguu. Nimewaza mpaka kichwa kinauma. Umebaki mfungulio mmoja wa akiba, na usipotumika kabla ya tarehe 30 nguvu yake inapotea, na kuujaza upya kunachukua miezi kumi na moja. Chakula chake ni cha siku tisini. Kesho Jicho linafungwa ili umeme uende mlangoni, kwa hiyo sitaona tena sebule wala karatasi. Nitachagua siku nikiwa kipofu.

Niombee. Endelea na kazi yako kama kawaida, na mama asijue.

Dada

*

Nyumbani, 20 Oktoba

Dada yangu,

Barua yako nimeifungua dukani nikiwa na mteja kitini, nusu kichwa. Nimemfukuza hivyo hivyo.

Mama amefariki. Alifariki tarehe 4 Septemba hospitali, asubuhi. Tulimpeleka tarehe 29 Agosti jioni, alikuwa anashindwa kupumua. Nikalala naye huko, kwenye benchi. Halafu mazishi kule kwao alikozaliwa, kama alivyotaka. Nilirudi nyumbani tarehe 15 usiku. Kesho yake saa nne nikaingia sebuleni nikaona ukutani tarehe 29 Agosti, nikajua nimekosa siku kumi na saba.

Nilisimama mle ndani sijui kwa muda gani. Nilitaka kuzichana zote. Nikakumbuka: usichane mbili kwa pamoja, hata iweje. Basi nikachana moja. Kesho yake moja. Nikasema nafuata sheria, sijui sheria ilikuwa ya nini. Dada, mimi nilidhani ni mambo ya vitabu vyenu tu.

Sikukuandikia habari ya mama kwa sababu uliniambia hata nyumba ikiungua hutakuja, na mama mwenyewe kasema usiitwe. Nikasema ukija Oktoba nitakuambia ana kwa ana, nikiwa nimekushika mkono. Halafu ulipouliza karatasi iko sawa au haiko sawa, niliona nikisema haiko sawa utauliza kwa nini, na nikijibu kwa nini nitakuwa nimekuua kwa barua. Pia niliogopa watakufukuza kazi kwa ajili yangu. Nikaandika "iko sawa". Mistari mitatu. Niliituma haraka nisije nikaichana. Mficha maradhi, kifo humuumbua, na mimi nimeumbuka.

Sikiliza sasa, maana bado kuna njia. Leo karatasi inasema 3 Oktoba. Nimeizuia. Tangu nisome barua yako nimefunga mlango wa sebule na ufunguo niko nao shingoni. Sitachana tena. Kwa shemeji leo itabaki kuwa tarehe 3 mpaka mimi na wewe tuseme. Hatakwenda mlangoni bure. Wewe chagua siku ya kufungua, niandikie, nami nitaipeleka kalenda taratibu ifike 9 siku hiyohiyo. Ningeandika ukutani kwa rangi, lakini niandike tarehe gani? Sijui. Naogopa kukosea tena.

Nilitaka kuja mwenyewe lakini gari linalobeba barua ndilo linalobeba watu, na nikiondoka nani atailinda karatasi? Nakusihi usifungue kabla hujapata barua hii. Kisha nipige, nitukane, fanya utakalo. Mama aliniuliza siku ile ya mwisho, "Leo umechana?" Nikamwambia ndiyo. Hata yeye nilimdanganya.

Mkasi

*

Kituo, 21 Oktoba

Mkasi,

Sijui kama nitaweza kuandika hii vizuri.

Siku ishirini na moja, tangu tufungue Jicho hadi tulifunge, nilitazama sebule kila siku saa nne. Nilikuona ukiingia. Nilisoma namba, nikaandika namba. Macho yangu yamefundishwa kusoma namba. Leo nilikuwa nakula, peke yangu, nikakumbuka barua yako ya Agosti, mama kwenye kigoda ukumbini, mlango ukiwa wazi. Zamani kila nilipotazama nilikuwa naona ukingo wa kanga yake mlangoni. Siku ishirini na moja sikuuona hata mara moja. Na wewe umekonda. Nilikuona umekonda nikasema ni kosa la kioo.

Mama amekufa, sivyo? Alikufa mwishoni mwa Agosti au mwanzoni mwa Septemba, na wewe ulikuwa mbali na nyumba siku kumi na saba, na uliporudi ulifuata sheria, karatasi moja kwa siku. Nakujua. Halafu ukanidanganya ili nisije mbio.

Sijakasirika. Hasira nitaitafuta baadaye, ipo mahali. Sasa hivi, Mungu anisamehe, nina furaha. Unaelewa? Mume wangu hakuumia. Hakuja kwa sababu kwake haikuwa tarehe 9. Kwake tarehe 9 itakuwa 26 Oktoba, saa nne. Nimekwenda kwa Mzee Sekunde nikamwambia karatasi iko nyuma, nilikosea, ndugu yangu alisema uongo. Hakunicheka. Tumepanga. Tutaufungua mlango tarehe 26, na mara hii nina hakika kuliko nilivyowahi kuwa nayo.

Wewe usifanye lolote. Endelea kuchana moja kila siku kama ulivyozoea, usibadilishe kitu hata kidogo.

Nitakuletea shemeji yako na kichwa chake. Kisha tutakwenda sote watatu kwa mama.

Dada

*

Nyumbani, 29 Oktoba

Dada,

Nimepata barua yako ya tarehe 21 sasa hivi. Ukutani ni 3 Oktoba.

Niambie hukufungua. Niambie yule mzee alikataa. Niambie umeme ulikatika, gari la mafuta halikufika, mtu aliugua, chochote. Barua yangu ya tarehe 20 ilikuwa njiani, ulitakiwa kuisubiri, lakini ungejuaje.

Nimeshika ile karatasi kwa vidole viwili na sijui nifanye nini.

Mkasi

*

Kituo, 31 Oktoba

Mdogo wangu,

Tulifungua.

Tarehe 26, saa nne kamili. Watu wote wa Kituo walikuja kusimama nami, hata mpishi. Nilivaa lile gauni analolipenda. Dakika ya kumi Mzee Sekunde akaanza kutazama sakafu. Dakika ya thelathini nikamwita kwa jina lake, nikipiga kelele ndani ya mlango, ingawa najua sauti haipiti. Dakika arobaini zikaisha na mlango ukafunga wenyewe, kama unavyofanya.

Barua yako ya tarehe 20 ilifika juzi, siku tatu baada ya mlango. Nimeisoma mara moja tu. Nimeelewa yote. Sikuwaza kwamba barua yangu ya tarehe 11 ilikuwa imeshakufikia, na kwamba wewe uliyeogopa kuchana karatasi mbili siku ya msiba ungethubutu kuizuia kabisa. Nilipokuamini ulikuwa unadanganya. Nilipoacha kukuamini, jana yake tu ulikuwa umeanza kusema kweli. Siwezi kusema ni wewe peke yako. Kama ningekuambia mwezi wa nane kwamba kuna mtu mle ndani anasoma kalenda yako, ungetoka hospitali kwa magoti ukaja kuichana, na mama mwenyewe angekutuma. Nilificha mimi kwanza. Wewe ulinifuata tu, kama ulivyonifuata tangu utotoni.

Mzee Sekunde amenieleza kwa upole, na mimi nimepiga hesabu zake upya mara tatu. Miezi kumi na moja kuujaza mlango. Chakula chake kinafika tarehe 12 Novemba. Namjua, anajibana, tuseme tarehe 16. Hakuna kitu kingine cha kufanya. Nimeuliza kila mtu mpaka sasa wakiniona wanabadili njia.

Sindano zinasema yuko hai na yuko kwenye kile kioo kidogo. Yuko pale karibu muda wote sasa, kwa sababu karatasi imesimama na anashangaa. Anatazama sebule tupu. Hajui lolote.

Nimefikiria nikuambie uchane mpaka tarehe 9, ajue siku imefika. Lakini atakwenda mlangoni. Atasimama pale akingoja, atagonga, na sisi tutaona sindano ikitikisika upande wetu, mikono mitupu. Hapana. Nimefikiria pia nikuambie uiache hapo ilipo, aendelee kudhani bado ana siku sita, afe akiwa na matumaini. Wapo watakaosema hiyo ndiyo huruma. Mimi nimeona huruma ya aina hiyo imetufikisha wapi. Wewe ulinihurumia, mimi nilimhurumia mama, na mama alinihurumia mimi. Mtu huyu hatadanganywa tena na nyumba yetu.

Nakuja. Gari la barua limejaa, linabeba hii tu. Mimi nitapanda lori la mafuta keshokutwa, nitafika tarehe 11 likiiweza milima. Nimeacha kazi, Mzee Sekunde amekataa kupokea barua yangu, nimeiacha mezani kwake. Nitaingia sebuleni na nitamwandikia ukutani kwa mkono wangu mwenyewe, herufi kubwa, kila kitu: mama, karatasi, mlango, mimi. Anaujua mwandiko wangu. Kisha nitakaa mle mpaka mwisho, anione. Sheria sasa hazina wa kumlinda.

Hii itakufikia tarehe 9. Usiandike chochote kabla yangu. Lakini siku hizo mbili ingia wewe. Asubuhi na jioni, simama katikati ya chumba, akuone uso. Ataelewa kwamba kuna jambo, maana hakuna anayesimama mle. Usipige magoti, usifanye ishara za kuomba radhi, atashindwa kuzielewa na atahangaika. Simama tu. Ajue kwamba hayuko peke yake na kwamba mtu mwingine anakuja.

Unataka kujua kama nimekusamehe. Sijui, Mkasi. Hata mimi sijajisamehe, na siwezi kukupa kitu ambacho mwenyewe sina. Ila sitaweza kukaa mle peke yangu siku tano. Utakaa nami.

Na nikifika usinipokee ukilia. Nitakuwa na siku hizo tano tu za kuwa naye, na sitaki kupoteza hata moja nikikubembeleza, wala wewe ukinibembeleza mimi. Mama hatujamlilia pamoja, na huyu naye. Tutalia tarehe 17.

Dada yako